Hapana Moja ya Tørbekk

Tørbekk, 12 Juni 1905

Dada Oline, mke wa Mswidi,

Pokea salamu nyingi kama misonobari ya huku kwetu. Shemeji Axel umpunguzie miti miwili mitatu, maana tangu wiki iliyopita yeye ni mgeni, na mgeni hapewi msitu mzima.

Sote tu wazima. Mama mzima, ng'ombe wazima, baba mzima na hasemi, mimi mzima na ninasema kwa niaba ya wote.

Habari unayo, hata huko Uswidi hawawezi kuifunika kwa sufuria. Tarehe saba Bunge letu limetamka kwamba mfalme wa Stockholm si mfalme wa Norwei tena. Mwalimu Torgal alitusomea gazeti. Wameliweka jambo lenyewe katikati ya sentensi ndefu, kwa adabu, kama mtu anayetoka sebuleni kwa kunyata ili wenyeji wasishtuke. Mimi ningeandika mstari mmoja tu. Lakini mimi niliacha shule mapema, na wenye shule hawajui kufupisha.

Ijumaa tulipandisha bendera mbele ya nyumba ya Chama cha Vijana. Ni ile uliyoishona wewe kabla hujaolewa, kwa sketi nyekundu ya bibi. Bendera safi, haina ile alama ya muungano na Uswidi pembeni, yenye rangi zilizovurugana, ambayo nchi nzima tunaiita saladi ya samaki. Watu walilia. Mhunzi alilia. Mimi nilipatwa na vumbi jichoni.

Na mlingoti wake! Baba ndiye aliyeuleta kutoka msituni kwa farasi, msonobari mmoja wa mikono ishirini na saba, umenyooka kama mhubiri. Hakuna parokia yenye mlingoti kama huu. Nilipewa nafasi ya kuhutubia (nilijipa mwenyewe), nikasema mti huu umenyonya maji ya Norwei, umepigwa na upepo wa Norwei, na hautainamia kitu. Watu wakapiga makofi. Baba alikuwa anafunga kamba, akakohoa.

Mama anauliza tumbo linaendeleaje. Anasema kitanda cha kubembezea watoto kimeshashushwa darini, kile tulicholala sote, na baba atakuvushia mpakani mwenyewe kabla ya Oktoba. Alikwisha kuahidi, na unamjua, ahadi yake haitoki mara mbili kwa mwaka.

Mwambie mkweo Jonas kwamba sina ugomvi naye. Yeye ni Mswidi wa zamani, hao hawana madhara.

Ndimi mdogo wako, Mnorwei huru,
Embret


Norrhult, 6 Agosti 1905

Mdogo wangu Embret,

Samahani nimechelewa. Tulikuwa kwenye majani ya ng'ombe, na mimi siku hizi nikiinama siinuki upesi.

Barua yako niliisoma kwa sauti mezani. Axel alicheka mpaka uliposema ni mgeni, kisha akacheka tena, ila kidogo. Dukani wanawake wananyamaza nikiingia. Si wabaya. Mmoja aliniuliza kama nina huzuni au furaha, nikasema nina kiu, nikanunua sukari nikatoka. Usimwambie mama.

Nasikia tarehe kumi na tatu mtaulizwa kwa kura kama mnakubali muungano uvunjwe. Wewe hujafika miaka ishirini na mitano, kwa hiyo tulia. Na mimi ningekuwa huko nisingeulizwa pia, kwa kuwa ni mwanamke. Tumekuwa sawa kwa mara ya kwanza.

Baba alikuja wiki iliyopita kutusaidia. Alilala siku mbili. Yeye na mkwe Jonas walikaa kwenye ngazi wakinoa shoka zao za kazi ya mkuza, ile njia isiyo na miti inayofyekwa mpakani, kama wanavyofanya kila zamu inapokaribia. Hawakuzungumza siasa. Asubuhi ya kuondoka, baba aliniambia jambo moja. Sitaliandika hapa. Wewe mdomo wako hauna kufuli.

Wasalimie nyumbani. Mama avae koti kanisani.

Dada yako,
Oline


Tørbekk, 15 Agosti 1905

Dada,

Keti kwanza. Kama umeketi, simama, maana habari hii haifai kusomwa na mtu aliyeketi.

Jumapili ilikuwa kama Krismasi iliyopata jua. Kengele zilipigwa, wanaume wote wenye kura walitoka ibadani wakapanga foleni palepale kanisani, kila mmoja na karatasi yake imekunjwa. Mzee wa Nordstua aliletwa kwa mkokoteni, na kitanda chake juu. Mimi nilisimama mlangoni nimevaa kizibao cha babu chenye vifungo vya fedha na soksi za magotini, kama kijana wa kwenye picha. Mtu mmoja kutoka mjini aliniomba nisimame vizuri amwone Mnorwei halisi. Nilisimama vizuri.

Wanawake hawana kura, basi wameandika orodha yao ya majina kuipeleka Bungeni. Mama aliweka jina lake. Alikaa na kalamu muda wa kuchemsha viazi, lakini aliandika lote, na ubini juu.

Jioni mchungaji akasoma hesabu ya parokia yetu. Ndiyo: mia mbili na kumi na mbili. Tukaanza kupiga makofi, akainua mkono.

Hapana: moja.

Dada, aibu iliyoje! Parokia ya upande wa mtoni wamepata ndiyo tupu. Sasa wanatuimbia barabarani: "Tørbekk, nani kamtia Mswidi mfukoni?" Hata watoto wao.

Nikapanda juu ya benchi. Niliapa mbele ya Chama kizima kwamba mimi Embret, mwana wa Tollef, nitamtafuta mwenye ile hapana, na nitamtaja kwa jina palepale chini ya mlingoti. Mwalimu Torgal alisema kura ni siri. Nikamwambia siri ni kwa watu wenye aibu. Vijana wakanibeba.

Baba hakuja kunibeba. Alikwenda kuangalia farasi.

Lakini huyo mtu ninamjua tayari, na wewe unamjua. Nani katika parokia hii alikataa barabara mpya? Nani alikataa simu? Nani alikataa shule kuongezwa jiko, akakataa hata kanisa kupakwa rangi nyeupe kwa kuwa lilikuwa jeupe? Mzee Syver Brenna. Miaka thelathini kwenye baraza, na neno lake ni moja.

Mpelelezi wa taifa,
Embret


Tørbekk, 29 Agosti 1905

Dada Oline,

Hujajibu. Nadhani umeduwaa kwa fahari.

Hesabu ya nchi nzima imetoka: ndiyo laki tatu na sitini na nane elfu na zaidi, hapana mia moja na themanini na nne. Mia moja na themanini na nne nchi nzima, dada, na mmoja wao anachota maji kisima kimoja na sisi. Nimefanya hesabu: ni adimu kuliko dubu.

Basi tumefanya kazi. Jumamosi mchana Mzee Syver alipanda kwenye malisho kuona ng'ombe wake. Mimi na Halstein wa mhunzi, tukiwa na ndoo ya saladi ya samaki, ile hasa ya kuliwa, samaki wa chumvi na bitiruti na viazi, tukampaka mlango wake wote kuanzia juu hadi kizingiti. Anapenda muungano, aunuse. Mlango ulikuwa mwekundu kama shavu la bwana harusi. Tulicheka mpaka Halstein akaketi kwenye ndoo.

Jumapili hakuna aliyekaa benchi lake kanisani. Alikaa peke yake, kofia magotini. Jumatatu mtu aliangusha kopo lake la maziwa barabarani. Si mimi, nina heshima zangu.

Ila nikusimulie ajabu. Nilipita kwake Brenna Jumapili baada ya ibada, nikamkuta baba. Baba yetu, dada, ambaye hajawahi kuosha kikombe, amepiga magoti kwenye ngazi ya Brenna na ndoo ya maji ya moto, anasugua mlango. Mzee Syver amesimama kando anamtazama. Nikamwuliza baba anafanya nini. Akasema, "Nasugua." Nadhani uzee umeanza. Nimemwambia mama asimwache peke yake na moto.

Habari nyingine: watu wa klabu ya shabaha tumepangwa kulinda mkuza. Wanasema majeshi yanasogea pande zote mbili mpaka mfalme wao na mawaziri wamalize maneno. Mimi nipo kwenye rundo la tatu la mawe ya mpaka kutoka ziwani, na bunduki ya babu. Nikimwona shemeji Axel nitampigia saluti kwanza.

Kitanda bado kipo sebuleni. Baba amekipaka rangi ya samawati. Sasa mpaka umefungwa, atakivushaje sijui. Yeye hasemi.

Embret, askari (karibu)


Norrhult, 9 Septemba 1905

Embret,

Sikujibu kwa sababu kila nilipoanza nilikasirika, na mkwe Jonas alisema barua ya hasira haifai kupewa farasi wa posta.

Axel ameitwa jeshini. Yupo msituni, upande huu wa mkuza wenu. Amevaa zile glavu zenye nakshi ya nyota alizomfumia mama. Mimi nipo na mkwe na ng'ombe, na mtoto anapiga teke kila nikisikia mlio wowote. Utani wako wa saluti niliusoma mara moja tu.

Sasa nisikilize, maana umempaka mtu asiye na hatia.

Yule unayemtafuta hukaa upande wa dirisha mezani kwenu. Anakukatia mkate. Ni baba.

Ndilo jambo aliloniambia ile asubuhi. Alisema wataulizwa, naye atasema hapana. Nilimkatalia, Embret. Mimi ndiye niliyeshona ile bendera. Ningekuwa na kura ningesema ndiyo bila kupepesa, nikiwa palepale kwenye meza ya Waswidi. Nilimwambia hivyo. Hakubishana. Alisema, "Basi tumetoshana, wewe na mimi."

Kisha akasema maneno mengi kuliko niliyomsikia akisema siku ya harusi yangu. Alisema amefyeka ule mkuza tangu kijana, zamu baada ya zamu, Waswidi wakitoka huku na wao wakitoka kule, na saa sita wanakutana wanakula chungu kimoja. "Watu wanasema pale kuna mpaka," alisema. "Mimi ninayeukata najua kilichopo. Hakuna miti, basi. Nikisema ndiyo, na kesho wakaweka bunduki pale, nitakuwa nimezifyekea njia. Nina mtoto huku na mtoto kule." Akavaa kofia.

Sasa fikiri mwenyewe kwa nini alikuwa anasugua ule mlango.

Sikuambii la kufanya. Uliapa mbele ya watu, na watu wa Tørbekk hawasahau kiapo. Ukimtaja, kazi ya mkuza watamnyang'anya, na hana kazi nyingine anayoipenda. Usipomtaja, Mzee Syver atakufa akiwa na jina lisilo lake.

Dada yako bado,
Oline


Tørbekk, 25 Septemba 1905

Dada Oline,

Barua yako niliipata pale kwenye rundo la mawe. Niliisoma, nikaisoma tena, nikaiweka ndani ya kofia, nikaona kofia inanibana.

Siku tatu sikuweza kumtazama baba. Alinikatia mkate, nikala. Nilikuwa na mengi ya kumwambia, mengine ya matusi. Nilitaka kumwuliza kwa nini aliniacha nipande juu ya benchi kama jogoo. Halafu nikakumbuka kwamba hakuna mtu aliyewahi kupata nafasi ya kunizuia kusema.

Siku ya nne, asubuhi na ukungu, Mswidi mmoja alisimama upande wa pili wa mkuza. Hatua kumi, labda kumi na mbili. Bunduki begani. Nikainua yangu. Naye akainua mkono taratibu, akageuza kiganja. Nikaona nyota za mama kwenye glavu. Tukatazamana. Nilisahau saluti. Niliuliza kwa sauti ndogo kama umeshajifungua, akatikisa kichwa, akasema bado, kisha koplo wake akamwita.

Nilipotoka zamu nilikwenda moja kwa moja Brenna. Nilibisha ule mlango. Mbao zimebaki na uwekundu, hautoki. Nikamwambia Mzee Syver ni mimi niliyepaka, na kwamba ninajua si yeye. Sikusema ni nani. Aliniketisha mezani, akaniletea sahani. Saladi ya samaki, imejaa hadi ukingoni. Akasema chakula hakipakwi, chakula kinaliwa. Nilikula yote, dada, na unajua bitiruti mimi sizipendi. Alikaa mbele yangu akihesabu vijiko.

Nilipomaliza, akasema, "Miaka thelathini nimesema hapana, na hakuna aliyewahi kunigusa. Tarehe kumi na tatu nikasema ndiyo, mara yangu ya kwanza. Niliikunja ile karatasi mara nne, nikaitumbukiza. Nikarudi nyumbani nikamwambia mbwa. Wiki mbili baadaye nakuta mlango wangu umepakwa."

Nikainuka nikaosha ile sahani mwenyewe. Andika tarehe hiyo mahali.

Jana Jumapili habari zikaja kwa simu (ile aliyoikataa Mzee Syver) kwamba wakubwa wameelewana huko Karlstad na hakutakuwa na vita. Nyumba ya Chama ilijaa hata madirishani. Tuliimba. Halafu mhunzi akasema sasa ni wakati wa Embret kutimiza kiapo, wakaanza kupiga meza. Mzee Syver alikuwa amekaa karibu na mlango, kofia magotini, anangoja kutajwa. Baba alikuwa karibu na jiko.

Nikapanda juu ya benchi. Nikasema si Mzee Syver. Nilimpaka bure, na mwenye kutaka kucheka anicheke mimi. Mhunzi akauliza, "Nani basi?"

Nilifungua mdomo. Dada, kwa mara ya kwanza tangu nianze kuongea, hapakutoka kitu. Nilikuwa nimepanga kusema uongo, kwamba sijampata. Nilikuwa nimeupanga vizuri. Lakini Mzee Syver alikuwa ananitazama, na uongo ule ungemwachia nusu ya saladi mlangoni.

Nikasikia benchi la karibu na jiko linalia. "Shuka, Embret," akasema baba. "Ni mimi."

Hakueleza. Alisimama tu, mikono chini, kama anavyosimama akingoja mti uanguke upande wake.

Mwalimu Torgal alijaribu kusema kura ni siri, lakini mhunzi alikuwa ameshainuka. Si mtu mbaya, ila bendera ilimliza, na aliyelia mbele ya watu hapendi kuona ametoa machozi ya bure. Akasema mtu aliyeukataa mpaka hafai kuufyeka. Akatoa hoja kwamba Chama kiiandikie halmashauri, Tollef aondolewe kwenye kazi ya mkuza. Wanaokubali wainue mikono.

Mikono ikaanza. Mmoja nyuma, miwili dirishani. Halstein aliniangalia mimi, akauinua wake nusu, kama anakuna sikio. Baba hakuangalia mtu.

"Hapana," mtu akasema.

Ilikuwa sauti ile ile ya miaka thelathini, ya barabara na simu na jiko la shule. Watu waligeuka. Mhunzi akamwuliza Mzee Syver ana sababu gani, yeye aliyebebeshwa kosa la Tollef.

"Sababu sina," akasema. "Sikuwahi kuwa nazo. Lakini nilisema ndiyo mara moja, mkaona kilichonipata. Sirudii."

Aliyecheka kwanza ni mwanamke mmoja karibu na kahawa. Kisha mama. Mama yetu, dada, alicheka mpaka akashika meza. Halafu nyumba nzima. Mikono ikashuka, kila mmoja akijifanya hakuwa ameinua. Mhunzi alibaki peke yake na mkono wake juu, akautumia kuomba kahawa.

Usidhani mambo yameisha. Leo asubuhi watu wawili hawakumsalimia baba. Naye aliwasalimia.

Tulirudi pamoja kwa miguu. Njiani nikamwambia kwamba mimi ningesema ndiyo. Akasema anajua, hata angekuwa na kura mbili, moja angenipa. 

Embret


Norrhult, 4 Oktoba 1905

Embret mdogo wangu, sasa mjomba,

Ni msichana. Amekuja Jumatatu, mapema kuliko tulivyomtarajia, ana pafu kama lako. Axel amerudi, amekaa anamtazama, kahawa inapoa. Mtoto amelala kwenye kihori cha kukandia unga, kwa sababu kitanda chake kipo Norwei. Njooni.

Barua yako ya mwisho mkwe Jonas aliomba nimsomee mara mbili. Kisha akaomba tena ile ya Juni, na nilipofika kwenye mlingoti wenu alicheka peke yake, ikabidi aseme. Nami nakuambia wewe kwa sharti kwamba mdomo wako upate kufuli leo.

Baba alitafuta mti msituni kwenu wiki nzima, kila alioupima umepinda. Mkwe ndiye aliyemwonyesha ule mmoja. Waliuangusha wawili, wakauviringisha kuvuka mkuza. Kisiki kipo, mkabala na rundo lako la mawe. Kaangalie kipo upande gani.

Oline


Tørbekk, 10 Oktoba 1905

Dada,

Tumefika nyumbani salama, na mama bado analia kwa furaha na kumlaumu Axel kwamba mtoto ana pua ya Kiswidi. Nashukuru kwa supu.

Umeona jinsi baba alivyofika. Hukuona ilivyokuwa kabla. Pale kwenye mkuza walinzi walikuwa wamekwisha kuondoka. Pamebaki majivu ya moto wao upande ule na majivu ya moto wetu upande huu. Baba alikuwa na kitanda mgongoni, kimefungwa kwa kamba ya mlingoti. Alisimama katikati, akakitua, akapumua. Nilimwuliza kama amechoka. Akasema hapana, ni mahali pazuri pa kupumzikia, hapana miti. Tukakaa pale, kitanda cha samawati kati yetu, tukala mkate.

Wakati anafunga tena kamba, nilikwenda kukiona kile kisiki. Nilikipima kwa miguu kutoka ukingo wa mkuza upande wao. Hatua tatu. Ndani ya Uswidi, dada, hatua tatu kamili, na miguu yangu ni mirefu.

Mti uliopigwa na upepo wa Norwei. Niliyasema hayo mbele ya watu, na yeye amesimama pale anafunga kamba, anakohoa.

Jumapili parokia ya mtoni walikuja kuuangalia mlingoti wetu. Wakauliza tumeutoa wapi, maana kwao miti yote imepinda. Watu wote wakanigeukia mimi, wajua tena. Nikasema baba yangu ndiye anayeujua huo msitu.

Nikanyamaza. Baba akanitazama kama nimeugua.

Bendera yako inapepea vizuri juu yake. Mbusu mtoto.

Mjomba Embret